Visawe na Istilahi: Kuandika Upya Matini ya Kiufundi juu ya Faili za Video

1. Utangulizi

Katika mafunzo ya utungaji, mwanafunzi wa Kiswahili huhimizwa mapema asirudie neno lile lile mara nyingi katika aya moja. Akiandika "safari" katika sentensi ya kwanza, hutakiwa atafute "mwendo" au "matembezi" kwa sentensi ya pili. Mazoea hayo ni mema katika hadithi na insha, kwani humpa msomaji ladha ya utajiri wa lugha. Lakini mazoea hayo hayo yanapoingizwa katika matini ya kiufundi huleta madhara ambayo mwandishi mwenyewe huenda asiyatambue, kwa kuwa sentensi zake hubaki sahihi kisarufi na kupendeza masikioni, ilhali maana yake imekwisha kupotoka.

Makala haya yanakusudia kulichunguza jambo hilo kwa mfano mmoja, yaani matini fupi inayoeleza faili za video za kidijitali. Mfano huu tumeuchagua kwa sababu mbili. Kwanza, watafiti wengi wa fasihi simulizi siku hizi hurekodi masimulizi, ngoma na mahojiano kwa kamera za kidijitali au kwa simu za mkononi. Anayepewa kazi ya kuzihifadhi rekodi hizo hutegemea maelezo ya kiufundi ambayo mara nyingi yameandikwa kwa Kifaransa au kwa Kiingereza kabla ya kuwekwa katika Kiswahili. Pili, maneno ya uwanja huu hayajatulia bado katika lugha yetu, na kwa sababu hiyo kishawishi cha kuweka neno moja mahali pa jingine ni kikubwa kuliko katika nyanja za zamani.

Swali letu basi ni hili: katika matini ya namna hiyo, ni maneno yapi yanayoweza kubadilishwa kwa visawe bila kuuharibu ukweli, na ni yapi yasiyoweza?

2. Kisawe si istilahi

Kisawe ni neno lenye maana iliyo sawa au inayokaribiana na ya neno jingine. Wanafunzi wetu wanayo Kamusi ya Visawe ya Mohamed A. Mohamed na Said A. Mohamed, iliyotolewa mwaka 1998, na ni chombo cha manufaa makubwa. Hata hivyo, kamusi ya aina hiyo humwonyesha msomaji maneno yaliyo jirani. Haimwambii kwamba majirani hao wanaweza kukaa katika nyumba moja. "Daktari", "tabibu" na "mganga" huwekwa pamoja, lakini mgonjwa aliyeandikiwa kwenda kwa daktari wa upasuaji hatapelekwa kwa mganga yeyote.

Zaidi ya hayo, ukaribu wa maana hubadilika kutoka eneo moja hadi jingine. Msemaji wa Lubumbashi hutumia "masomo" akiwa na maana ya shule yenyewe. Msemaji wa Dar es Salaam hulitumia neno hilo kwa yale yanayofundishwa shuleni. Kwa hiyo maneno mawili yanaweza kuwa visawe kwa msomaji mmoja na yasiwe visawe kwa mwingine.

Istilahi ina hali tofauti. Maana ya neno la kawaida hutokana na matumizi ya watu wengi kwa muda mrefu. Maana ya istilahi hufungwa na fasili iliyokubaliwa na wataalamu wa fani. Mhandisi wa Austria, Eugen Wüster, ambaye kitabu chake cha mwaka 1931 juu ya usanifishaji wa lugha ya ufundi ndicho kinachohesabiwa kuwa msingi wa taaluma ya istilahi, alishikilia kwamba dhana moja ipewe jina moja, na jina moja liwakilishe dhana moja. Katika maisha ya kila siku shabaha hiyo haifikiwi kikamilifu, kwani fani nyingi zina istilahi zinazoshindana. Lakini ndani ya matini moja, ya mwandishi mmoja, hakuna sababu ya kuiacha. Msomaji wa matini ya kiufundi, akikuta neno jipya, ana haki ya kudhani kwamba ameletewa kitu kipya.

3. Matini mbili

Tuchukue matini ifuatayo, tuliyoitunga kwa ajili ya uchambuzi huu. Tutaiita Matini ya Kwanza:

"Faili ya video ni kontena lenye mikondo miwili au zaidi: mkondo wa picha, mkondo wa sauti, na pengine mkondo wa maandishi ya tafsiri. Mkondo wa picha na mkondo wa sauti umebanwa kila mmoja kwa kodeki yake. Ukubwa wa faili hutokana na kasi ya biti ikizidishwa na muda wa video. Mwonekano peke yake hautoshi kuujua. Kubadili kontena hakugusi picha. Kusimba picha upya kwa kodeki yenye upotevu hupunguza ubora, na ubora uliopotea haurudi."

Sasa tumwazie mwanafunzi aliyeambiwa aiandike upya "kwa maneno yake mwenyewe", naye akafungua kamusi ya visawe na kubadilisha neno baada ya neno. Matokeo yake, ambayo tutayaita Matini ya Pili, yangeweza kuwa haya:

"Jalada la sinema ni chombo chenye mifereji miwili au zaidi: mfereji wa taswira, mfereji wa mlio, na labda mfereji wa maandiko ya fasiri. Mfereji wa taswira na mfereji wa mlio umekandamizwa kila mmoja kwa ufunguo wake. Ukubwa wa jalada hutokana na mwendo wa baiti ukizidishwa na kipindi cha sinema. Sura peke yake haitoshi kuujua. Kugeuza jalada hakugusi taswira. Kuandika taswira upya kwa ufunguo wenye hasara hupunguza thamani, na thamani iliyokwisha potea hairejei."

Mwalimu asiyeijua fani hii angeweza kuisifu Matini ya Pili. Sentensi zake zinafuata mpangilio ule ule, upatanisho wa kisarufi haukuvunjwa, na hakuna neno lisilokuwa la Kiswahili kinachoeleweka. Hata hivyo, ina makosa yasiyopungua manne yanayoweza kumpotosha mtu anayeitegemea kwa kazi. Tuyatazame moja baada ya jingine.

4. Uchambuzi wa makosa

4.1 Biti na baiti

Kwa sikio, "biti" na "baiti" hukaribiana mno, na mtu asiyekuwa mtaalamu angeweza kudhani kwamba ni matamshi mawili ya neno moja. Sivyo. Biti ni kipimo kidogo kabisa cha habari ya kidijitali, chenye thamani ya 0 au 1. Baiti ni kundi la biti 8. Kasi ya video kwa desturi hutajwa kwa biti, na nafasi ya diski hutajwa kwa baiti.

Tuchukue rekodi yenye kasi ya biti milioni 5 kwa sekunde. Tukigawa kwa 8 tunapata baiti 625,000 kwa sekunde, na kwa saa moja yenye sekunde 3,600 tunapata gigabaiti 2.25. Idara yenye saa 400 za masimulizi itahitaji gigabaiti 900, na diski moja ya terabaiti 1 itatosha. Lakini anayesoma "baiti milioni 5 kwa sekunde" atahesabu gigabaiti 18 kwa saa, na gigabaiti 7,200 kwa rekodi zote. Ataomba fedha za diski nane badala ya moja. Na asipopewa, huenda akaanza kuchagua ni masimulizi yapi yafutwe ili mengine yapate nafasi. Silabi moja yaweza kuamua ni simulizi lipi litakalobaki.

4.2 Kontena na kodeki

Matini ya Kwanza inatofautisha vitu vitatu: faili, kontena na kodeki. Kontena ni utaratibu wa kuipanga mikondo pamoja ndani ya faili. Kodeki ni njia ya kuibana na kuifungua mikondo hiyo. AVI, iliyotolewa na Microsoft mwaka 1992, ni kontena. MP4 ni kontena. Matroska, iliyotangazwa mwaka 2002, ni kontena pia, na jina lake linatokana na wale wanasesere wa Kirusi wanaowekwa mmoja ndani ya mwingine. Kwa upande wa kodeki tuna H.264 ya mwaka 2003, H.265 ya mwaka 2013 na AV1 ya mwaka 2018. Picha zilizobanwa kwa H.264 zinaweza kukaa ndani ya MP4 au ndani ya Matroska bila kubadilika hata kidogo.

Mfano wa kontena la mizigo unafaa hapa. Anayeliona kontena likipita mpakani Kasumbalesa hawezi kujua kwa umbo lake kama limebeba unga au vipuri. Mizigo ikihamishwa kutoka kontena moja hadi jingine bila kufungua masanduku, mizigo ni ile ile.

Matini ya Pili imeivuruga tofauti hiyo mara mbili. Kwanza, imeweka "chombo" mahali pa "kontena" katika sentensi ya mwanzo, kisha katika sentensi ya tano ikaweka "jalada", neno ambalo tayari limetumika kwa faili. Hivyo "kubadili kontena hakugusi picha", ambayo ni kweli, imekuwa "kugeuza jalada hakugusi taswira", ambayo kwa kawaida si kweli. Kwani anayesema kwamba anageuza faili ya video, mara nyingi programu yake husimba picha upya. Mhifadhi anayeamini sentensi hiyo atageuza rekodi zote, kisha atafuta zile za asili akijua kwamba hakuna kilichopotea.

Pili, "kodeki" imekuwa "ufunguo". Katika lugha ya kompyuta, ufunguo ni wa kuficha habari ili asiyeruhusiwa asiisome. Kodeki haifichi kitu. Kazi yake ni kupunguza ukubwa. Msomaji wa Matini ya Pili atafikiri kwamba faili zimefungwa kwa siri, na pengine atatafuta neno la siri ambalo halipo.

4.3 Ubanaji na upotevu

Kwa nini video ibanwe? Hesabu itatujibu. Picha yenye upana wa pikseli 1,920 na urefu wa pikseli 1,080 ina pikseli 2,073,600. Kila pikseli ikihitaji baiti 3 za rangi, picha moja huchukua baiti 6,220,800. Kwa picha 25 katika kila sekunde tunafikia baiti 155,520,000 kwa sekunde, yaani kama gigabaiti 560 kwa saa moja, bila sauti. Tukilinganisha na gigabaiti 2.25 tulizozitaja hapo juu, tunaona kwamba kodeki imepunguza ukubwa karibu mara 250.

Upungufu huo hupatikana kwa njia kuu mbili. Njia ya kwanza ni kutohifadhi picha nzima kila mara: pale ambapo ukuta nyuma ya msimulizi haukubadilika, kodeki huandika tu kwamba ni kama ulivyokuwa. Njia ya pili ni kugawa picha katika vipande vidogo na kutupa vinyume vyake vidogo vidogo ambavyo jicho huviona kwa shida. Tangu MPEG-1 ya mwaka 1993, viwango vingi vya video vimeegemea njia ya hisabati iliyotangazwa mwaka 1974 na Nasir Ahmed, T. Natarajan na K. R. Rao, au njia zilizotokana nayo. Kilichotupwa hakimo tena katika faili. Picha ikisimbwa upya, kodeki hutupa tena kutoka katika kile kilichobaki.

Hiyo ndiyo maana ya "upotevu" katika matini yetu. Neno "hasara" lililowekwa mahali pake humpeleka msomaji sokoni: kodeki yenye hasara ingekuwa ile inayomgharimu mtu fedha. Vivyo hivyo "thamani" si "ubora". Rekodi ya mzee akisimulia asili ya ukoo wake inaweza kuwa na ubora hafifu wa picha na bado ikawa na thamani isiyokadirika. Na "kukandamiza" hubeba harufu ya dhuluma ambayo haimo katika "kubana". Aidha, ziko kodeki zisizo na upotevu, kama FFV1, ambayo hutumiwa katika hifadhi za filamu na video kwa sababu hurudisha kila pikseli kama ilivyokuwa. Matini isiyotaja upotevu kwa jina lake haiwezi kuzitenga kodeki hizo na nyingine.

4.4 Mwonekano

Mwonekano hapa ni idadi ya pikseli katika upana na urefu wa picha. Kwa hakika neno hili lina udhaifu, kwani katika lugha ya kawaida humaanisha jinsi kitu kinavyoonekana, na ndiyo sababu mwanafunzi wetu aliona ni halali kuweka "sura". Faili mbili zenye mwonekano ule ule na muda ule ule, moja ikiwa na kasi ya biti milioni 2 na nyingine biti milioni 20 kwa sekunde, hutofautiana ukubwa mara kumi. Msomaji wa "sura peke yake haitoshi" hawezi kulijua jambo hilo.

Kwa wasomaji wa Kongo tatizo lina upande wa pili. Kifaransa cha ufundi kina maneno mawili, "définition" kwa idadi ya pikseli na "résolution" kwa msongamano wake katika kipimo cha urefu, ingawa wengi huyachanganya. Anayetafsiri neno la pili kwa kamusi ya kawaida hukuta "azimio". Hilo ni neno la mikutano: tunalijua kutoka katika Azimio la Arusha la mwaka 1967. Video haina azimio la aina hiyo, na kamusi haikukosea; aliyekosea ni yule aliyechukua maana ya uwanja mmoja akaipeleka katika uwanja mwingine.

5. Visawe vinavyotolewa na mashine

Kuna programu za kompyuta zinazobadilisha maneno ya matini kwa visawe, na baadhi ya waandishi huzitumia ili kazi ya mtu mwingine isitambulike. Mwaka 2021 watafiti Guillaume Cabanac, Cyril Labbé na Alexander Magazinov walionyesha kwamba makala za kisayansi zilizokwisha kuchapishwa kwa Kiingereza zilikuwa na vifungu vya ajabu vinavyoelekea kuzaliwa na programu za namna hiyo. Waliviita vifungu vilivyoteswa. "Akili bandia" ilikuwa imegeuzwa kitu kama "fahamu ya kughushi". "Uwiano wa ishara kwa kelele", ambao ni moja ya vipimo vinavyotumiwa kupima ubora wa video, ulikuwa umekuwa "bendera kwa makelele".

Jambo la kuzingatia ni kwamba makala hizo zilipita mikononi mwa wahariri. Kifungu kilichoteswa hakijulikani kwa sarufi yake, bali kwa ujuzi wa fani. Kwa hiyo mwalimu wa lugha anayesahihisha tasnifu yenye istilahi za ufundi hana budi kumshirikisha mwalimu wa fani inayohusika.

6. Utaratibu unaofaa

Hatusemi kwamba matini ya kiufundi haiwezi kuandikwa upya. Tunapendekeza hatua tano. Kwanza, mwandishi aisome matini hadi aweze kuieleza kwa mdomo bila kuitazama. Pili, aorodheshe istilahi zake, aamue jina moja kwa kila dhana, na alishike jina hilo mpaka mwisho; ikiwa kuna majina yanayoshindana, kama "kontena", "chombo" na "kasha", ayataje mara moja tu pale anapotoa fasili. Tatu, abadilishe mpangilio wa mawazo, aina za sentensi, vitenzi vya kawaida na viunganishi kadiri apendavyo. Nne, alinganishe namba na vipimo, kimoja kimoja, na vile vya matini ya asili. Tano, amtaje mwandishi wa asili, kwani mawazo ya mtu hayawi yetu kwa sababu tumeyabadilishia maneno.

Kwa kufuata hatua hizo, Matini ya Kwanza ingeweza kuandikwa hivi:

"Tunachokiita faili ya video kwa hakika ni kontena. Ndani yake hukaa mkondo wa picha na mkondo wa sauti. Mara nyingine huongezwa mkondo wa maandishi ya tafsiri. Kodeki moja hubana picha, nyingine hubana sauti. Atakaye kujua ukubwa wa faili azidishe kasi ya biti kwa muda wa video, asitazame mwonekano tu. Mikondo ikihamishiwa kontena jingine bila kusimbwa upya, picha hubaki vile vile. Lakini picha ikisimbwa upya kwa kodeki yenye upotevu, ubora hushuka, na hakuna kodeki iwezayo kuurudisha."

Hapa hakuna sentensi hata moja iliyonakiliwa, na hata hivyo faili, kontena, mkondo, kodeki, biti, mwonekano, upotevu na ubora vimebaki na majina yake. Kilichobadilika ni usemi wa mwandishi, nao umebadilika sana.

7. Hitimisho

Tumeona kwamba katika matini ya kiufundi kuna tabaka mbili za maneno. Tabaka ya kwanza ni ya lugha ya kawaida, na humo visawe vinaruhusiwa na hata kupendeza. Tabaka ya pili ni ya istilahi, na humo kurudia neno ni adabu kwa msomaji. Kazi ya mwanafunzi ni kujifunza kuzitenganisha tabaka hizo, na kazi ya mwalimu ni kuacha kumkata alama aliyerudia istilahi kwa makusudi. Idara za Kiswahili zingefanya jema kama zingeandaa, pamoja na idara za sayansi, orodha fupi za istilahi zinazotumika katika chuo chao, ili tasnifu za mwaka mmoja zisipingane na za mwaka unaofuata.

Jambo hili si la usafi wa lugha tu. Faili iliyosimbwa upya kwa sababu ya sentensi mbovu haiwezi kurudishwa katika hali yake ya awali, na mzee aliyesimulia mbele ya kamera huenda hayupo tena kusimulia mara ya pili.